Hita mpya inanuka: harufu ipi itaisha yenyewe, ipi inataka uzime umeme

Ukifungiwa hita ya maji ya kuoga, ikaanza kunuka, ukampigia fundi simu, jibu lake unalijua kabla hamjamaliza kusalimiana: "Hiyo harufu ya upya tu, mama. Itaisha." Mara nyingi anasema kweli. Kitu kipya kikipashwa moto kwa mara ya kwanza hunuka, na harufu hiyo huondoka. Shida ni kwamba jibu hilo hilo hutolewa kwa kiungo cha waya kinachoungua ukutani, kwa maji yanayonuka yai viza, na kwa gesi inayovuja kwenye mpira. Harufu hizo hazina asili moja wala dawa moja, na mojawapo inaweza kuteketeza nyumba watu wakiwa wamelala.

Huku kwetu Mwanza hatupashi vyumba moto, hali ya hewa haijatulazimisha. Tunachopasha ni maji. Nyumba nyingi zinazojengwa Buswelu, Nyegezi au Kisesa sasa zinatengewa sehemu ya hita tangu bomba zinapolazwa, na wapangaji wengi wananunua shawa ya umeme na kuifunga kwenye bafu lililojengwa bila kuifikiria. Kwa hiyo ninapoandika hita hapa nina maana ya aina tatu: shawa ya umeme inayopasha maji yakiwa yanapita, hita ya tenki inayoyahifadhi yakiwa moto, na hita ya gesi ambayo bado ni ya wachache.

Kabla ya kutafuta dawa ya harufu, jiulize mambo matatu. Inafanana na nini? Inatoka wapi hasa: kwenye kifaa, ukutani, kwenye maji, au sakafuni? Na kila unapooga, inapungua au inaongezeka? Swali la tatu ndilo lenye uzito kuliko yote, kwa sababu harufu ya upya ina mwelekeo mmoja tu: kushuka. Ikibaki palepale baada ya kuoga mara nyingi, au ikipanda, acha kuiita ya upya.

Harufu ya upya yenyewe

Hita hutoka kiwandani ikiwa na vitu vingi ambavyo havikukusudiwa kubaki: mafuta mepesi yaliyopakwa kwenye chuma kisishike kutu, vumbi la ghalani, mabaki ya gundi, na plastiki ambayo bado inapumua kemikali zilizoitengeneza. Hita ya tenki ina sponji ya poliuretani kati ya tenki na bati la nje, kazi yake kuzuia joto lisitoroke, nayo ikipata moto mara ya kwanza hutoa harufu ya godoro lililofunguliwa sasa hivi. Kwenye maungio ya bomba kuna tepu nyeupe, au katani iliyopakwa dawa ya kuzibia. Vyote hivi vinapashwa moto kwa pamoja siku ile ya kwanza.

Harufu yake huwa hafifu na imetawanyika. Inakaa kwenye kifaa chenyewe, haitoki kwenye swichi wala kwenye ukuta wenye waya. Haiambatani na moshi, mlio wa kuchechemka, wala taa za nyumba kufifia. Kwa shawa ya umeme huisha baada ya kuoga mara chache. Kwa tenki inaweza kuchukua siku kadhaa, kwa sababu sponji imefungiwa ndani na hewa inatoka kidogo kidogo.

Unaweza kuiharakisha. Fanya kazi hiyo mchana, madirisha yakiwa wazi, kwa sababu mchana upepo hutoka ziwani kuja nchi kavu na utapitisha hewa nyumbani kwako bure, usiku hugeuka. Tenki lijaze, lipashe mpaka kitaa kizime chenyewe, zima umeme, acha maji yapoe, yamwage yote, kisha rudia mara moja zaidi. Maji hayo ya mwanzo yasiingie kinywani wala kwenye beseni la mtoto mchanga. Yatumie kuoshea sakafu.

Kwa shawa ya umeme kuna sharti moja ambalo likivunjwa siku ya kwanza, kifaa kinaharibika kabla hakijazoeleka: maji kwanza, umeme baadaye. Katika shawa nyingi za aina hii waya wa kupashia, ule wa nikromu uliosokotwa kama springi, uko wazi ndani ya kikombe cha plastiki na unapozwa na maji yanayopita tu. Ukiwashwa mkavu, au kikombe kikiwa na hewa nusu, unawaka mwekundu kwa sekunde chache na kuyeyusha plastiki iliyouzunguka. Harufu yake ni kali, ya plastiki iliyoungua, na itakuwa inarudi kila mara unapooga. Kwa hiyo fungua maji, yaache yatoke mfululizo bila kukohoa hewa, ndipo uende kwenye breka.

Sharti hilo haliishi siku ya kwanza. Nyumba nyingi za Mwanza zinaoga kutoka tenki la juu, na maji yakikatika siku mbili tenki likakauka, bomba hujaa hewa. Yakirudi, shawa inapaswa kutendewa kama mpya.

Kimo cha tenki nacho kina neno lake. Kila mita moja ya kimo inatoa msukumo wa takriban bar 0.1 tu, hivyo tenki lililokalia dari, mita moja na nusu juu ya shawa, linasukuma kwa bar 0.15. Karatasi iliyokuja na hita imeandika kiwango cha chini kinachotakiwa. Isomeni pamoja na fundi kabla hajatoboa ukuta. Piga hesabu uone kwa nini. Shawa ya wati 5,500 ikipitisha lita 3 kwa dakika inayapandisha maji nyuzi 26 hivi. Maji ya nyuzi 24 yanafika 50, moto wa kutosha kabisa. Yakipita lita moja na nusu, kwa umeme ule ule, yanapanda nyuzi 52 na kuvuka 75. Hapo plastiki inaanza kulalamika kwa harufu, na ngozi ya aliye chini inaungua. Harufu inayokuja siku za maji dhaifu na kupotea siku za maji mengi imetokana na msukumo, na dawa yake ni kuinua tenki au kufunga pampu ndogo.

Harufu ya samaki ambayo haina samaki

Hii ndiyo sehemu iliyonifanya niandike, na naomba isomwe polepole.

Swichi, soketi na breka nyingi hutengenezwa kwa plastiki ngumu zenye naitrojeni ndani yake. Zikipata joto kupita kiasi, kabla hata ya moshi kuonekana, hutoa gesi za jamii ya amini. Jamii hiyo hiyo ndiyo inayompa samaki harufu yake. Ndiyo maana mafundi wa umeme duniani kote wanajua kwamba nyumba ikinuka samaki bila samaki, kuna kiungo cha umeme kinachoungua.

Sasa fikiria onyo hilo linapotolewa Mwanza. Mtu anayeishi Kirumba jirani na soko la Mwaloni, au Igombe ambako dagaa huanikwa, au ambaye jana alikaanga sangara, atahisi nini? Atafungua dirisha, kisha atafunga dirisha, atalaumu jirani, atamwaga ndoo ya maji jikoni. Pua ya mtu wa ziwani imezoea harufu hii tangu utotoni na haina sababu ya kuishtukia. Onyo ambalo mtu wa Dodoma angelishangaa, sisi linatupita mbele ya uso.

Namna ya kuitofautisha ipo. Harufu ya samaki wa kweli haijali hita kama imewashwa. Ile ya umeme inakuja dakika chache baada ya kuwasha hita, inakuwa kali zaidi unaposogea kwenye swichi ya hita, kwenye soketi au kwenye kiboksi cha breka, na inafifia ukizima. Watu wengine wanaisikia kama mkojo au mpira uliochomwa. Ukiihisi, zima breka ya hita, usioge, subiri dakika kumi, kisha pitisha kiganja karibu na kifuniko cha swichi bila kukigusa. Ukuta wenye joto, kifuniko kilichogeuka rangi ya chai, au doa jeusi kwenye tundu la soketi vinakupa jibu. Kama kiboksi cha breka chenyewe ndicho kinachonuka, au unaona moshi, zima meinswichi ikiwa unaweza kuifikia salama, toa watu nje na upige 114, namba ya Zimamoto. Usimwage maji.

Kwa nini hita ndiyo inayosababisha, wakati friji na televisheni vimekaa miaka bila neno? Kwa sababu ya ukubwa wa mkondo. Umeme wetu ni volti 230. Gawanya wati 5,500 kwa 230, unapata ampea 24. Ni vifaa vichache sana nyumbani vinavyokunywa hivyo. Soketi ya kawaida imeandikwa ampea 13, yaani mwisho wake ni wati 2,990, na bado kuna shawa zilizochomekwa kwenye soketi kwa plagi. Plagi hiyo itaungua. Haihitaji kuwa mbovu. Inabebeshwa karibu mara mbili ya uwezo wake.

Waya nao una kikomo. Nyumba nyingi soketi zake zimefungwa waya wa 2.5, yaani unene wa milimita za mraba 2.5, ambao ukiwa umefukiwa ndani ya plasta unabeba takriban ampea 20 hadi 24. Shawa ya ampea 24 inaufikisha ukingoni kabisa. Mafundi waangalifu wanavuta waya wa 4, na kwa umbali mrefu au shawa kubwa zaidi wa 6, moja kwa moja kutoka kwenye breka yake peke yake bila kupitia soketi yoyote. Waya huo ni ghali, na ndipo mwenye nyumba na fundi wanapokubaliana kuutumia "uliopo". Tahadhari pia na waya bandia, wenye rangi ya shaba nje na aluminiamu ndani. Kata kipande, kwangua kwa kisu: shaba ya kweli ni nyekundu mpaka katikati. Aluminiamu inapitisha umeme vibaya kuliko shaba, hivyo kwa unene ule ule inapata moto zaidi.

Hata waya ukiwa mnene, kuna kiungo. Waya wa hita lazima uungane na waya wa nyumba mahali fulani, na kiungo kikilegea kinakuwa na ukinzani, yaani kinauzuia umeme kupita kirahisi. Tuseme ukinzani huo ni omu 0.1, kiasi kidogo ambacho huwezi kukibaini kwa macho. Joto linalozalishwa ni mkondo mara mkondo mara ukinzani: 24 mara 24 mara 0.1, unapata karibu wati 58. Umefungia joto la balbu ya zamani ya wati 60 ndani ya kiboksi cha plastiki kisichopitisha hewa. Na kila ukioga, chuma kinatanuka, ukimaliza, kinasinyaa, skrubu inazidi kulegea, uso wa shaba unashika weusi, ukinzani unaongezeka. Ndiyo sababu harufu hii hupanda wiki hadi wiki, kinyume kabisa na harufu ya upya.

Wengi hujifariji kwamba hatari ingekuwapo breka ingekata. Haikati. Breka ya kawaida inaangalia kiasi cha mkondo unaopita, na kiungo kilicholegea hakiongezi mkondo. Wakati mwingine kinaupunguza. Kwake yeye kila kitu ni shwari, ampea 24 zilezile, huku konekta iliyo ukutani inayeyuka. Kinachobaki kukuonya ni pua yako.

Kwa hiyo mwambie fundi, kwa heshima lakini bila kurudi nyuma, afungue kiungo uone. Waya zilizosokotwa tu na kufungwa tepu nyeusi hazitoshi kwa hita. Zinatakiwa konekta ya saizi inayobeba mkondo huo, ya seramiki ikipatikana, au kiungo cha kubanwa kwa koleo maalumu. Usione aibu kumuuliza kama ana leseni ya EWURA ya kufunga umeme. Mwenye nayo hakasiriki kuulizwa.

Nitoke kidogo kwenye harufu, kwa sababu kuna hatari ya hita isiyonuka kabisa. Mwanza imejengwa juu ya mawe. Kule Isamilo, Mabatini, Igogo na Bugando, fito ya ethi, ile ya kupeleka ardhini umeme unaotoroka, inapaswa kuzama ndani lakini mara nyingi inagonga jabali baada ya sentimita chache, na fundi anaikata, anaifunika kwa udongo, anaendelea. Jabali kavu linapitisha umeme vibaya sana. Nyumba ya namna hiyo ina waya wa ethi kila mahali na haina ethi. Kwa shawa ambayo waya wake wa kupashia uko wazi ndani ya maji, hili ni suala la uhai. Ethi ipimwe kwa kipimo, na hita iwekewe kikata-umeme cha mvujo cha milliampea 30, kile kinachozima kikihisi umeme unatoroka kupitia mwilini. Ukisikia mtekenyo kidogo unapogusa bomba, usiambiwe ni kawaida.

Maji yakinuka, hita ni mshtakiwa tu

Kuna harufu zinazotokea siku hita ilipofungwa lakini hita haikuzileta. Imezifichua. Maji ya moto huachia gesi zilizoyeyuka ndani yake haraka kuliko ya baridi, na bafu ni chumba kidogo. Kilichokuwa kimejificha kwenye maji baridi kwa miaka kinatoka chote hewani na mvuke.

Kipimo ni rahisi na hakihitaji fundi. Chukua glasi mbili safi. Moja ijaze maji baridi kutoka bomba la nje, kabla hayajapita kwenye hita, nyingine ya moto. Toka nazo nje ya bafu, maana humo hewa yote imekwisha changanyika, unuse kila moja. Zikinuka zote mbili, chanzo ni maji au tenki la juu. Ikinuka ya moto peke yake, chunguza hita. Zisiponuka hata moja lakini bafu linanuka, tazama chini, kwenye tundu la maji machafu.

Harufu ya dawa, kama ya bwawa la kuogelea, ni klorini. MWAUWASA, mamlaka ya maji ya Mwanza, husafisha maji ya ziwa na kuyatia klorini ili yakufikie yakiwa salama, na kiasi kidogo hubaki makusudi. Moto unaitoa. Haina haja ya kutibiwa, dirisha linatosha.

Harufu ya udongo mbichi au ukungu ni ya ziwa lenyewe. Ghuba ya Mwanza hupokea rutuba nyingi kutoka mashambani na mjini, na mwani wa rangi ya buluu-kijani hustawi humo. Baadhi yake hutengeneza kemikali iitwayo jeosimini, ambayo pua ya binadamu inaikamata hata ikiwa nanogramu 10 tu ndani ya lita moja ya maji. Usafishaji wa kawaida hauiondoi yote. Kwa kiasi hicho haikudhuru, inakera tu, na hupanda na kushuka kwa majira. Ukisikia majirani wote wanalalamika wiki moja, usibadilishe hita.

Yai viza ni habari nyingine, na hapa hita ya tenki ina mchango wake. Gesi inayonuka hivyo ni haidrojeni salfaidi. Inatengenezwa na bakteria wasiohitaji oksijeni, wanaokula salfeti iliyo ndani ya maji. Sasa, ndani ya tenki kuna fito ya magnesiamu iliyowekwa iliwe na kutu badala ya chuma cha tenki; kwa kulika kwake inatoa haidrojeni, ambayo bakteria hao wanaipenda mno. Wape maji vuguvugu, yaliyotulia, yasiyo na klorini, na fito hiyo, watazaliana. Ndiyo maana kisima chako hakinuki, bomba la baridi halinuki, lakini maji ya moto yananuka.

Maji ya ziwa yaliyosafishwa yana salfeti kidogo, hivyo tatizo hili kwa kawaida huwakuta wanaotumia kisima, au wanaojaza kutoka kwa boza bila kujua maji yamechotwa wapi, au wenye tenki la juu lenye tope ambalo halijaoshwa tangu lipandishwe. Pia huwakuta wanaoweka kirekebisha-joto chini sana, nyuzi 40 au 45, kwa nia ya kuokoa luku. Joto hilo ndilo bakteria wanalolitaka. Liweke 60 au zaidi kidogo, wengi watakufa, na bakteria wengine wa hatari wanaopenda tenki vuguvugu watakufa pia. Ila maji ya nyuzi 60 yanaunguza, kwa hiyo lazima yachanganywe na ya baridi kabla ya kumfikia mtoto au mzee.

Harufu ikiwa imeshakaa, tenki lisafishwe. Zima umeme, acha lipoe kabisa, mwaga maji na tope la chini. Lijaze upya pamoja na dawa ya klorini isiyo na manukato: kwa tenki la lita 50 na dawa ya asilimia 3.5, mililita 70 zinatosha. Fungua bomba la moto mpaka unuse klorini, funga, acha usiku kucha bila kuwasha, asubuhi suuza mpaka harufu iishe. Usichanganye dawa hiyo na sabuni ya choo yenye asidi wala na kitu chochote. Mchanganyiko huo hutoa gesi ya sumu. Ikirudi baada ya wiki chache, mwambie fundi abadilishe fito ya magnesiamu kwa ya aluminiamu na zinki. Usikubali aiondoe bila kuweka nyingine, maana tenki litatoboka mapema. Na tenki la juu lioshwe, vinginevyo unawafuga upya.

Gundi, plastiki na tundu la sakafuni

Harufu kali inayopanda kichwani, ya gundi au rangi ya kucha, inatoka kwenye gundi ya bomba za PVC. Ikiwa ni bomba za baridi, suuza kwa siku mbili tatu. Ikiwa fundi ameunganisha maji ya moto kwa PVC ya kawaida, harufu si tatizo lako kubwa: bomba hilo hulainika kuanzia nyuzi 60 hivi na kiungo kitaachia. Maji ya moto yanataka bomba za PPR zilizounganishwa kwa kuyeyushwa, au shaba.

Harufu ya choo ikipanda unapooga maji ya moto, hita haina kosa. Chini ya tundu la sakafu kuna kona ya bomba inayopaswa kubaki na maji ili hewa ya shimo isipande. Imekauka, au haikuwekwa. Mimina ndoo ya maji unuse tena baada ya nusu saa. Mabaki ya sabuni na mafuta ya ngozi yaliyoganda humo pia huyeyuka na kunuka yanapopata moto kwa mara ya kwanza; yasugue.

Gesi

Gesi ya mtungi haina harufu ya asili. Ile harufu ya kitunguu kilichooza imetiwa kwa makusudi ili uvujaji ujulikane, na kazi yake ni kukutoa nyumbani. Gesi hii ni nzito kuliko hewa, inatambaa sakafuni na kutuama. Vidirisha vya bafu zetu viko juu karibu na dari, kwa hiyo havisaidii kitu. Mlango ndio unaoitoa. Ukiinusa, funga mtungi, fungua milango, usiguse swichi yoyote, si kuwasha wala kuzima, toka, na simu upige ukiwa nje. Baadaye kiungo kipimwe kwa povu la sabuni, kamwe si kwa kiberiti. Mtungi ukikaribia kuisha harufu huwa kali zaidi, kwa sababu ile dawa ya harufu hubaki nyuma gesi inapoondoka. Hata hivyo pima kwa sabuni kwanza.

Hatari kubwa zaidi ya hita ya gesi haina harufu yoyote. Moto unaowaka kwenye chumba kisicho na hewa hutoa kaboni monoksaidi, kama jiko la mkaa lililoingizwa chumbani. Kichwa kinauma, miguu inalegea, kichefuchefu kinakuja, na mtu anaanguka bafuni akiwa amefunga mlango kwa ndani. Hita ya gesi haifungwi ndani ya bafu. Inafungwa nje ukutani, au mahali penye bomba la kutolea moshi linalofika nje, na moto wake uwe wa buluu. Ukigeuka manjano, zima.

Kuhusu manukato

Marashi ya kupuliza, udi, vidonge vya bafuni: naomba visitumike mpaka harufu ijulikane. Pua huchoka haraka. Ukikaa bafuni dakika chache huisikii tena hata ikiwa imeongezeka, na ukichanganya na marashi umejinyima kipimo pekee ulichonacho. Mwite mtu aliyetoka nje, mgeni au mtoto aliyerudi shule, umuulize anasikia nini. Ukiwa mpangaji, andika tarehe na saa harufu ilipotokea na kama hita ilikuwa imewashwa, umpelekee mwenye nyumba. Maelezo ya namna hiyo yanamwondolea fundi nafasi ya kusema itaisha.

Na kama hujanunua bado, na nyumba unayopanga ina waya wa 2.5 tu ambao mwenye nyumba hataki kuubadilisha, iache shawa ya wati 5,500 dukani. Tafuta hita ndogo ya tenki ya wati 1,500, yenye alama ya TBS. Inavuta ampea 6.5 tu, waya ulionao unaibeba bila kupata moto, na kwa familia inayoamka mapema inatosha ukiiwasha kabla ya alfajiri. Itakuchukua muda kupasha, na siku za kwanza nayo itanuka kidogo.